Maiti 200 za Superdome: vyombo vya habari na kimbunga Katrina

Kanali Thomas Beron wa National Guard, jeshi la akiba la jimbo la Louisiana, alikuwa amekaa siku tano katika uwanja wa Superdome, mjini New Orleans, akiwalinda maelfu ya watu waliokimbia mafuriko. Watu walipokwisha kuhamishwa, alijiandaa kukabidhi miili ya waliofariki kwa FEMA, shirika la serikali kuu ya Marekani linaloshughulikia maafa. Daktari wa FEMA akafika na lori kubwa la jokofu, pamoja na madaktari watatu wa kuishughulikia miili hiyo. Alikuwa ameambiwa kwamba mle uwanjani mna maiti 200.

Miili ilikuwa sita. Wanne walifariki kwa maradhi, mmoja kwa kuzidisha dawa za kulevya, na mmoja alijirusha kutoka juu, ikaaminika kuwa alijiua. Hapakuwa na hata mmoja aliyeuawa na mtu mwingine.

Lori lile lilitumwa na habari. Kwa wiki nzima televisheni na magazeti, kuanzia Marekani na Uingereza hadi huku Afrika Mashariki tulikokuwa tukitazama kwa madishi ya setilaiti, vilisimulia kwamba ndani ya Superdome watoto wanabakwa, magenge yenye bunduki yanatawala, na watu wanauana gizani. Simulizi hiyo iliingia ndani ya maafa yenyewe ikayaongeza. Iliwaondoa polisi kwenye kazi ya kuokoa watu, ikachelewesha maji ya kunywa, ikawaweka raia wasio na silaha mbele ya mitutu ya bunduki, na ikaficha kwa muda mrefu chanzo halisi cha mji ule kuzama. Hilo ndilo nitakalolifuatilia hapa, hatua kwa hatua.

Kilichotokea Jumatatu ile

Katrina ilifika nchi kavu asubuhi ya tarehe 29 Agosti 2005, karibu na Buras, kusini mashariki mwa Louisiana, ikiwa kimbunga cha daraja la 3. Kitovu chake kilipita mashariki ya New Orleans. Pwani ya jimbo la jirani la Mississippi ndiyo iliyopigwa moja kwa moja na bahari iliyopanda, na mahali pengine maji yalifika kimo cha zaidi ya mita 8. New Orleans ilizama kwa njia nyingine.

Sehemu kubwa ya mji huo iko chini ya usawa wa bahari, katikati ya mto Mississippi na ziwa Pontchartrain. Kinachouweka mkavu ni pampu, matuta ya udongo na kuta za saruji zilizosanifiwa na Kikosi cha Wahandisi cha Jeshi la Marekani. Asubuhi ile kuta ziliachia kwenye mifereji ya 17th Street, London Avenue na Industrial Canal. Katika mifereji miwili ya kwanza maji hayakuwa yamefika juu ya ukuta. Nguzo bapa za chuma zilizoushikilia ukuta hazikuzama vya kutosha kwenye udongo laini uliokuwa chini yake, basi maji yakausukuma ukaenda. Ukihesabu mfumo mzima, matuta na kuta zilibomoka mahali zaidi ya 50, na takriban asilimia 80 ya mji ikafunikwa.

Lakini ukitazama matangazo ya Jumatatu hiyo utasikia kwamba mji umenusurika. Wanahabari wengi wa vituo vya kitaifa walikuwa French Quarter, mtaa wa kale uliojengwa na Wafaransa kwenye ardhi iliyoinuka kando ya mto, wenye hoteli na mahali pa kuegesha magari ya matangazo. Huko maji karibu hayakufika. Waliona vigae vilivyong'oka, mabango yaliyoanguka na vioo vilivyovunjika, wakaripoti walichokiona, na baadhi ya magazeti ya Jumanne yakachapisha habari ya mji uliopona. Saa hizo hizo, upande wa mashariki, wakazi wa Lower Ninth Ward walikuwa darini wakitoboa paa kwa shoka ili wapate pa kutokea. Kila niliporudia mfuatano wa siku zile nimeona kosa hili la kwanza likipuuzwa, ingawa ndilo lililozaa mengine. Kamera ilisimama pale gari lake lilipoweza kufika, na mji mzima ukapimwa kwa mtaa mmoja.

Kuna jambo jingine ambalo halikuelezwa vizuri: nani alibaki, na kwa nini. Meya Ray Nagin alitoa amri ya lazima ya kuhama Jumapili tarehe 28, siku moja tu kabla ya kimbunga. Watu wapatao 100,000 hawakuwa na gari la kuondokea. Ilikuwa mwisho wa mwezi, na kwa anayesubiri malipo ya tarehe 1, hizo ndizo siku ambazo mfuko ni mtupu. Theluthi mbili ya wakazi wa mji walikuwa weusi. Watangazaji kadhaa waliuliza kwa mshangao kwa nini watu hawa "walichagua" kubaki, na mtazamaji aliye mbali akapata hisia kwamba waliokwama walijitakia.

Uvumi ulivyopata mguu

Kufikia Jumanne simu za mkononi zilikuwa zimekatika na redio za polisi hazisikilizani. Meya alikuwa amekwama katika hoteli ya Hyatt, akikosa mawasiliano ya uhakika na watu wake. Superdome, iliyotengwa kuwa kimbilio la mwisho, ilikuwa na watu zaidi ya 20,000, paa limetoboka, umeme umekatika, vyoo vimefurika, joto halivumiliki. Wengine wapatao 20,000 walikusanyika kwenye jumba la mikutano, Convention Center, ambalo halikuwa limepangwa kuwa makazi ya dharura, kwa hiyo hapakuwa na chakula, maji, daktari wala askari wa kuwalinda.

Gizani, mtu hana simu, hana redio, na mtoto anamlilia kiu. Hapo neno moja hukua upesi. Mwanajeshi mmoja alijeruhiwa mguuni ndani ya Superdome. Ikasambaa kwamba askari wamepigwa risasi na magenge. Baadaye ilibainika kwamba alishambuliwa kwenye chumba chenye giza, na katika purukushani bunduki yake mwenyewe ikafyatuka. Milio iliyosikika nje ikawa "wanafyatulia helikopta za uokoaji". Mtu akifariki kwenye kiti cha magurudumu, aliye ukumbi wa pili anasikia kwamba ameuawa.

Hilo ni jambo la kibinadamu na silaumu mtu aliyekuwa mle ndani. Kilichotokea kwenye hatua iliyofuata, pale uvumi ulipopanda jukwaani, ndicho cha kujadili. Tarehe 6 Septemba Meya Nagin na mkuu wake wa polisi, Eddie Compass, walihojiwa katika kipindi cha Oprah Winfrey. Compass alisema kwamba mle Superdome watoto wachanga walikuwa wakibakwa. Nagin alizungumzia mamia ya watu wa magenge wenye silaha, wakiua na kubaka, na watu walioishi katika hali iliyokaribia ya wanyama. Siku hizo hizo alikisia kwamba waliokufa wangeweza kufika 10,000.

Wanahabari tunafundishwa kwamba kauli ya kiongozi, ikinukuliwa kwa usahihi, inamlinda mwandishi. Katrina inaonyesha mahali kanuni hiyo inapovunjika. Meya na mkuu wa polisi hawakuwa wameyaona waliyoyasema. Walikuwa wamesikia, kama wengine. Na kwa kuwa walikuwa viongozi, tetesi iliyotoka kwa watu waliokwama iliwarudia watu hao hao kupitia redio ikiwa na muhuri wa serikali, na hofu ikaongezeka kule kule ilikoanzia.

Mfano ninaouona mzito kuliko wote ni wa gazeti la mji wenyewe, Times-Picayune. Mwandishi wake Brian Thevenot alikuwa miongoni mwa waliobaki mjini kwa ujasiri mkubwa. Tarehe 6 Septemba gazeti lilichapisha habari yake kwamba kwenye jokofu la Convention Center mlikuwa na maiti 30 hadi 40, mmojawapo mtoto wa miaka saba aliyekatwa koo. Chanzo kilikuwa askari wa National Guard waliokuwa pale pale kwenye jumba. Je, mwandishi angetaka nini zaidi? Lakini askari hao hawakuwa wamelifungua jokofu. Habari hiyo waliipata kwenye foleni ya chakula, katika kasino ya Harrah's iliyogeuzwa kambi ya muda ya polisi na wanajeshi. Thevenot aliyaeleza haya yote mwenyewe baadaye, kwa jina lake. Convention Center nzima ilipatikana na miili minne, na kati ya hiyo ni mmoja tu ulioonekana kuwa wa mtu aliyeuawa.

Zipo pia zile picha mbili za tarehe 30 Agosti, ambazo kila anayezungumzia Katrina huzitaja. Moja, ya shirika la habari la AP, ilimwonyesha kijana mweusi akipita kwenye maji yaliyomfika kifuani, na maelezo yakasema ametoka kupora duka la vyakula. Nyingine, iliyosambazwa na shirika la habari la AFP, iliwaonyesha watu wawili weupe katika maji kama hayo, na maelezo yakasema wamepata mkate na soda kutoka duka la jirani. Zote mbili zilikaa kwenye ukurasa wa habari wa Yahoo. AP ilijibu kwamba mpiga picha wake alimwona kijana akiingia dukani. Mpiga picha wa ile ya pili alieleza kwamba aliona bidhaa zikielea nje, akaandika alichokiona. Mimi nawaamini wote wawili. Ndiyo maana naona kisa cha picha hizi kimetumika vibaya: watu hutafuta mwandishi mmoja mbaguzi, ilhali uzito ulikuwa kwenye rundo zima. Saa 24 kwa siku, kwa siku saba, vipande vile vile vya watu weusi wakitoka madukani vilirudiwa tena na tena. Mtu aliyechukua maji na nepi akaonekana sawa na aliyebeba televisheni. Na ni kweli kwamba televisheni zilibebwa, na bunduki ziliibwa madukani. Simulizi ya uongo haikuwa kwamba uporaji ulitokea. Uongo ulikuwa kwamba uporaji ndio ulioutawala mji.

Simulizi ikaanza kutoa amri

Jumatano usiku, tarehe 31 Agosti, Meya Nagin aliamuru polisi wapatao 1,500, karibu kikosi kizima, waache kutafuta na kuokoa watu, wakakabiliane na waporaji. Saa hizo bado kulikuwa na watu juu ya mapaa.

Gavana Kathleen Blanco alipotangaza kuwasili kwa askari 300 wa National Guard kutoka Arkansas, alisema wametoka Iraq, wana bunduki za M-16 zilizojazwa risasi, wanajua kupiga na kuua, na anatarajia watafanya hivyo ikibidi. Alikuwa akizungumzia kuingia katika mji wa raia wake mwenyewe, wenye kiu.

Tarehe 2 Septemba gazeti la wanajeshi, Army Times, liliandika kwamba vikosi vimeanza operesheni za mapigano New Orleans. Lilimnukuu Brigedia Jenerali Gary Jones wa Louisiana akisema mahali hapo patafanana na "Somalia ndogo", na kwamba wanakwenda kuutwaa mji. Msomaji wa Nairobi, Mombasa au Garissa anaielewa kauli hiyo kwa namna ambayo msomaji wa Washington hawezi. Jina la nchi ya majirani zetu, yenye akina mama sokoni na watoto madrasani, lilikuwa limekwisha kugeuzwa kuwa kifupi cha mahali ambapo mtu hukaribiwa kwa bunduki kwanza. Na kifupi hicho kikahamishiwa kwa Wamarekani weusi waliokuwa wakisubiri mabasi.

Convention Center ilisubiri hadi Ijumaa hiyo ya tarehe 2. Jenerali Steven Blum, mkuu wa National Guard nchini kote, alieleza baadaye kwamba walingoja wakusanye nguvu kubwa ya kutosha kabla ya kuingia. Askari wapatao 1,000 waliingia wakitarajia vita. Hakuna risasi iliyofyatuliwa. Waliwakuta wazee, akina mama, watoto na wagonjwa wa kisukari walioishiwa dawa. Luteni Jenerali Russel Honoré, aliyekuja kuongoza wanajeshi wa serikali kuu, alionekana barabarani akiwafokea askari wateremshe mitutu. Namtaja kwa heshima, kwa sababu alikuwa miongoni mwa wakubwa wachache waliotambua kwa macho yao kwamba kilichokuwa mbele yao ni watu wanaohitaji maji.

Tarehe 1 Septemba uhamishaji wa watu kutoka Superdome ulisitishwa kwa muda baada ya taarifa kwamba helikopta ya kijeshi imefyatuliwa risasi. Msemaji wa Jeshi la Anga alisema baadaye kwamba hawakuweza kuthibitisha hata tukio moja la aina hiyo. Siku hiyo hiyo polisi wa mji jirani wa Gretna waliziba daraja la mto Mississippi, wakawarudisha kwa silaha watu waliokuwa wakitoka New Orleans kwa miguu, na risasi zikafyatuliwa juu ya vichwa vyao.

Kisha daraja la Danziger, mjini New Orleans. Jumapili tarehe 4 Septemba polisi waliitika wito wa redio kwamba wenzao wanashambuliwa, wakafika kwenye daraja hilo na kuanza kufyatua. Habari ya kwanza iliyotoka ilisema polisi wamewapiga risasi watu wanane wenye bunduki na kuua watano au sita. Ilipokelewa kwa urahisi, kwa sababu ilikuwa na umbo lile lile la habari za wiki nzima. Ukweli ni kwamba waliokuwa darajani walikuwa raia wasio na silaha. Wawili waliuawa: kijana wa miaka 17, na mwanamume wa miaka 40 mwenye ulemavu wa akili aliyepigwa risasi za mgongoni. Wanne walijeruhiwa vibaya. Polisi wakatunga ushahidi na mashahidi. Hukumu za mwaka 2011 zilitenguliwa mwaka 2013, na mwaka 2016 ndipo polisi watano wa zamani walipokiri makosa na kupewa vifungo vya kati ya miaka 3 na 12. Miaka kumi na zaidi ilipita ili familia zisikie mahakamani kile ambacho kichwa cha habari cha siku ya kwanza kiliwanyang'anya.

Kamati ya Baraza la Wawakilishi la Marekani iliyochunguza maafa hayo ilitoa ripoti yake Februari 2006. Ilisema wazi kwamba habari zilizotiwa chumvi kuhusu ghasia, zikithibitishwa na viongozi wa mji, zilichelewesha misaada kwa kuwatisha madereva wa malori na mabasi, ziliongeza hofu kwa waliokuwa kwenye makazi ya dharura, na zilifanya nguvu nyingi zielekezwe kwenye ulinzi.

Mahali walipofanya kazi yao

Ningekuwa natenda dhuluma nikiishia hapo. Watu wa Convention Center wasingejulikana bila kamera. Jioni ya tarehe 1 Septemba mkurugenzi wa FEMA, Michael Brown, alisema kwenye televisheni kwamba serikali kuu ilikuwa imepata habari za watu wale siku hiyo hiyo. Ted Koppel wa kituo cha televisheni cha ABC akamuuliza kama wao hawatazami televisheni wala hawasikilizi redio, maana wanahabari walikuwa wakiripoti jambo hilo muda wote. Swali lile lilifanya kazi ambayo barua za maombi zisingeifanya.

Redio WWL ya New Orleans iliendelea kurusha matangazo katika wiki hiyo yote. Watu walipiga simu kutoka darini wakitaja mtaa na idadi ya watoto walio nao, na mtangazaji akazipeleka hewani. Ukilinganisha na studio za mbali, unaona tofauti: redio ile ilikuwa ikizungumza na waliozama, wakati vituo vikubwa vilikuwa vikizungumza kuwahusu.

Na lile gazeti la Times-Picayune lilifanya jambo ambalo wengi hukwepa. Tarehe 26 Septemba Thevenot na mwenzake Gordon Russell walichapisha uchunguzi uliovunja simulizi iliyosambazwa na dunia nzima pamoja na gazeti lao. Walirudi kwa kila aliyedai, wakauliza swali moja: wewe uliona, au ulisikia? Humo ndimo zilimotoka zile hesabu za miili sita na minne. Mwendesha mashtaka wa mji aliwaambia kwamba mauaji yaliyothibitishwa katika wiki baada ya kimbunga yalikuwa manne, idadi ya wiki ya kawaida kwa mji uliokuwa ukitarajia mauaji zaidi ya 200 kwa mwaka. Siku iliyofuata Compass alitangaza kuacha ukuu wa polisi.

Masahihisho hayo hayakuwahi kufika ulikofika uvumi. Hata leo utamkuta mtu mzima anayesimulia Superdome ya mauaji. Na kuna wanawake waliodhulumiwa kweli katika siku zile, ambao mashirika ya kutetea waathiriwa yalikusanya taarifa zao baadaye. Uongo mwingi ulipofichuliwa, nao wakaingizwa katika kapu la walioongopa. Hilo ni jeraha ambalo halizungumzwi vya kutosha.

Ambao hawakuonekana

Utafiti wa vyeti vya vifo uliochapishwa mwaka 2008 ulichunguza vifo 971 vya Louisiana. Karibu nusu ya waliofariki walikuwa na miaka 75 au zaidi. Asilimia 40 walikufa maji. Wengine wengi waliuawa na majeraha na maradhi ya moyo. Weusi walikuwa asilimia 51, weupe 42. Kwa hiyo sura ya kifo cha Katrina ni mzee aliyekuwa nyumbani au katika nyumba ya kulelea wazee, kama wale 35 waliofariki pamoja katika makao ya St. Rita's. Televisheni ilituonyesha kijana mwenye kapu la duka.

Waokoaji nao walipata nafasi ndogo. Walinzi wa pwani waliokoa na kuhamisha watu zaidi ya 33,000. Maafisa wa wanyamapori na uvuvi wa Louisiana walitoa maelfu kwa boti zao. Wavuvi na majirani walikuja na mashua zao bila kuitwa. Kituo cha utafiti wa maafa kilichoanzishwa mwaka 1963 na E. L. Quarantelli na wenzake, ambacho sasa kiko Chuo Kikuu cha Delaware, kilikuwa kimeonyesha kwa miongo mingi kwamba watu wa kawaida, maafa yakifika, husaidiana zaidi kuliko kushambuliana. Maarifa hayo yalikuwepo maktabani. Sinema za maafa zilikuwa zimefundisha kinyume chake, na mwandishi aliyefika New Orleans mara ya kwanza alikuwa ameziona sinema hizo mara nyingi.

Kubwa zaidi lililofichika ni kuta. Kwa miezi mingi habari iliitwa kimbunga, dhoruba, ghadhabu ya maumbile. Juni 2006 Luteni Jenerali Carl Strock, mkuu wa Kikosi cha Wahandisi, alikiri hadharani kwamba ulinzi uliojengwa na kikosi chake ulishindwa kwa kasoro za usanifu. Wakati huo umati wa kamera ulikuwa umekwisha kuondoka. Na onyo lilikuwepo: Times-Picayune lilichapisha mfululizo wa makala mwaka 2002 ulioeleza jinsi mji ungeweza kuzama na jinsi wasio na magari wangekwama.

Kenya imeliona jambo la namna hii hivi karibuni. Usiku wa kuamkia tarehe 29 Aprili 2024 maji yalishuka kwa kishindo Mai Mahiu na kuua watu zaidi ya 40. Habari za kwanza zilisema bwawa la Old Kijabe limepasuka. Wizara ya Maji ikaeleza kwamba palipopasuka ni tuta la reli, baada ya njia ya maji iliyo chini yake kuzibwa na takataka na maji kujikusanya nyuma. Maelezo mawili haya yana wahusika tofauti wa kuulizwa, na kwa anayedai fidia au anayetaka kujua kama alale pale tena, tofauti hiyo ndiyo habari yenyewe.

Wasanii walipochukua zamu

Mwongozaji wa filamu Spike Lee alitoa filamu yake ya saa nne, When the Levees Broke, Agosti 2006, kwenye kituo cha televisheni cha HBO. Jina lake lilitangulia kuwataja wahusika: kingo zilivunjika. Aliwaachia wakazi wazungumze kwa muda mrefu, bila mtangazaji wa kuwafasiria. Trouble the Water ya mwaka 2008 ilikwenda mbali zaidi, kwani kiini chake ni picha alizopiga mkazi wa Ninth Ward mwenyewe, kwa kamera ndogo ya bei rahisi, maji yakipanda hadi darini. Kwangu hiyo ndiyo rekodi iliyo kinyume kabisa cha matangazo ya wiki ile. Anayeshika kamera anawajua majirani kwa majina, anawaita, na mtazamaji hana nafasi ya kuwaogopa.

Tamthilia ya Treme, ya David Simon na Eric Overmyer, ilirushwa kuanzia 2010 hadi 2013. Inaanza miezi mitatu baada ya kimbunga, na katika kipindi cha kwanza profesa mmoja anamkatiza kwa hasira mwanahabari wa Uingereza anayeita mafuriko yale maafa ya asili, kisha anatupa kipaza sauti chake mferejini. Kinachonivutia katika tamthilia hii ni subira yake. Inafuatilia mtu anayehangaika na bima, mpishi asiye na wateja, mama anayemtafuta kaka yake kwenye mfumo wa magereza. Wapo waliolalamika kwamba haina matukio. Lakini baada ya maafa maisha huwa hivyo, fomu juu ya fomu, na ni wachache walio tayari kuyarekodi.

Fomu zenyewe zilikuwa na kisa ambacho hakuna kipande cha video kingekionyesha. Mpango wa Road Home, uliolipwa na serikali kuu ili kusaidia wenye nyumba Louisiana kujenga upya, ulihesabu ruzuku kwa kuangalia thamani ya nyumba kabla ya kimbunga au gharama ya kuijenga upya, na kuchukua kiasi kilicho kidogo. Nyumba za mitaa ya weusi zilikuwa na thamani ndogo sokoni hata zikiwa na ukubwa ule ule, ilhali saruji na mbao ziliuzwa bei moja kwa wote. Kwa hiyo familia mbili zenye hasara sawa zilipata fedha tofauti, na moja haikuweza kumaliza paa. Sensa ya mwaka 2000 iliwakuta New Orleans watu 484,674. Ya mwaka 2010 iliwakuta 343,829. Zaidi ya watu 100,000 kati ya waliopungua walikuwa weusi. Mashirika ya kutetea haki ya makazi yalifungua kesi mwaka 2008 dhidi ya hesabu hiyo ya ruzuku. Ilimalizwa mwaka 2011 kwa makubaliano ya dola milioni 62, wakati wengi walikuwa wamekwisha kuuza viwanja vyao, au watoto wao wamekwisha kuzoea shule za Houston.